Glasi ya Heshima

Mikono isiyoweza kushika kikombe cha chai bila kukimwaga iliwezaje kunyanyua jiwe jeusi la volkano, kuligeuza mara moja, na kuliweka mahali pake kwa namna ambayo halikuhitaji kuguswa tena? Swali hili ninalo tangu nikiwa na miaka kumi na saba. Nilikwenda nalo chuo kikuu, nikawauliza waliosomea mishipa na ubongo, nikapewa majibu matatu yasiyopatana. Sasa nimefikia umri aliokuwa nao baba yangu wakati ule, na bado sijui. Ninachojua ni kwamba asubuhi mama alimshikia kikombe kama anavyoshikiwa mtoto, na saa moja baadaye baba alikuwa juu ya ukuta wa mtu, timazi imetulia mbele ya jicho lake, na ukuta unapanda umenyooka.

Baba alikuwa mlevi wa kanyanga. Kanyanga ni pombe kali, nyeupe kama maji, ambayo kwetu ilipikwa kwa siri na kuuzwa kwa siri, ingawa kila mtu alijua nyumba za kuinunua. Vitabu nilivyosoma baadaye vinatumia neno uraibu, neno safi ambalo unaweza kulitamka mbele ya wageni. Nyumbani kwetu hatukuwa na neno. Tulisema "ile kitu". Papa amekunywa ile kitu. Papa amelala juu ya ile kitu, yaani kwa sababu yake. Mama alipotaka kuniambia nisimkaribishe rafiki yangu siku fulani, alisema tu, "Leo hapana, iko ile kitu," nami nilielewa.

Tuliishi Rwanda, juu ya mji mdogo wa Rubona, kwenye kilima ambacho kutoka uani kwetu uliona ziwa, mitumbwi ya wavuvi na, upepo ukigeuka, ulisikia harufu ya shayiri kutoka kiwanda cha bia. Tulikuwa tumerudi kutoka Kongo, kama wengi pale. Wengine walirudi kutoka Tanzania, wengine Uganda, wengine hawakuwahi kuondoka. Kilima kilizungumza Kinyarwanda. Nyumba yetu ilizungumza Kiswahili cha Goma, chenye Kifaransa ndani yake kama mawe ndani ya maharage. Usalama ulikuwa umeanza kurudi baada ya miaka mibaya, na watu walikuwa wakijenga. Mwashi hakukosa kazi. Baba alijenga kuta za msingi, vyoo, matuta ya mashamba, ngazi za kanisa. Katika kila ukuta aliojenga aliacha jiwe moja bila saruji, kwenye kimo cha kiuno, upande usiotazamana na njia. Nyuma ya jiwe hilo kulikuwa na nafasi ya chupa. Niliyajua mawe yote hayo. Wakati nikipita njiani niliyahesabu, na hadi leo nikienda nyumbani mkono wangu unataka kuyasukuma.

Nilikuwa nasoma shule ya bweni mjini Gisenyi. Huko niliwaambia wenzangu kwamba baba yangu alibaki Goma kwa biashara. Siku moja ya Jumapili alikuja kuniona. Alikuwa amevaa shati lake la kanisani, ameshika mfuko wenye sabuni mbili na sukari, na mikono yake ilikuwa ikitikisa mfuko ule mpaka ukasikika. Rafiki yangu aliyekuwa nami getini aliuliza, "Huyu ni nani?"

Nikasema, "Ni fundi wetu."

Baba alinisikia. Alimtazama yule msichana, akavua kofia, akasema, "Eeh, mi ni fundi ya kwabo. Maman yake amenituma." Akanipa mfuko kwa mikono miwili, kama anayempa mtoto wa tajiri, akaondoka kwa miguu kuelekea barabara ya Rubona.

Ninaandika hili kabla ya yatakayofuata kwa sababu nataka msomaji ajue mapema ni nani kati yetu wawili aliyekuwa na la kuona aibu. Hakuwahi kuniuliza. Hakuwahi kumwambia mama.

Sasa nieleze ingobyi, maana mambo yote yalipitia hapo. Ingobyi ni kitanda cha matete yaliyosukwa, kimefungwa kwenye miti miwili mirefu, na ndicho kilichokuwa gari letu la wagonjwa. Kutoka kwetu hadi barabarani hakuna gari lililoweza kupanda. Mtu akiugua, filimbi inapulizwa, wanaume wanne wanamwinua mabegani, wengine wanne wanafuata nyuma kupokezana, na wote wanashuka kilima hadi Rubona anakopata basi dogo la kumpeleka hospitali mjini. Kila nyumba ilitoa bega moja. Nyumba za wajane, na zilikuwa nyingi, badala ya bega zilipika pombe ya ndizi kwa ajili ya wabebaji. Hakuna aliyelipwa. Ulibeba leo kwa sababu kesho utabebwa. Msimamizi wa chama cha ingobyi alikuwa seremala aliyerudi kutoka Tanzania, mtu mrefu, mwenye Kiswahili kilichonyooka kuliko mbao zake, ambaye alichukua kazi hiyo kwa uzito ambao wengine huuweka kwenye ibada.

Mwaka mmoja kabla ya haya ninayosimulia, wakati wa mvua, baba alikuwa bega la mbele kulia alipobebwa mama mmoja mwenye malaria. Goti lilimwacha katikati ya mteremko mbaya kuliko yote. Yule mama akaanguka, akapasuka kipaji cha uso. Alipona, lakini wote waliokuwepo walinusa sababu. Seremala alimwambia baba pale pale, mvua ikinyesha, "Bwana fundi, kuanzia leo usije tena ukisikia filimbi." Nyumba yetu ikaondolewa chamani.

Mwanzoni hilo lilikuwa fedheha tu. Halafu mama akapata mimba. Mtoto wake wa mwisho kabla ya hapo alizaliwa Goma kwa kupasuliwa, na muuguzi wa kituo cha afya alimwambia wazi kwamba safari hii uchungu usianzie nyumbani. Lazima afikishwe hospitali mjini kabla ya uchungu. Maana yake, ashuke kile kilima, na mtu mwenye hali ile hashuki kwa miguu.

Mama alikwenda kwa seremala peke yake. Nilikuwa nimefika likizo kubwa, nikamfuata nikiwa nimebeba kiti, maana alikuwa akichoka njiani.

"Shemeji," seremala alisema, "usiogope. Hatuwezi kukuacha. Siku ikifika, tuma mtoto aje, tutakubeba."

"Mutanibeba kama nani?" mama aliuliza.

Seremala hakuelewa.

"Nauliza, mutanibeba kama mutu wa chama, ao kama mupita njia mulimuokota?"

Seremala alikuna shingo. "Nyumba yenu haina bega, shemeji. Tutakubeba kwa huruma. Kuna ubaya gani?"

"Basi sitabebwa," mama alisema. "Nitashuka na miguu yangu. Miguu haijatolewa mu chama."

Wasomaji wengine wataona huu ni ukaidi. Mimi mwenyewe niliuona hivyo siku ile, nikakasirika njia nzima. Lakini mama aliwahi kuishi miaka mingi katika nchi ambayo kila siku aliambiwa yuko pale kwa huruma, na alirudi Rwanda akiwa ameamua kwamba huruma imetosha. Hilo nimelielewa nikiwa mtu mzima. Seremala naye, nadhani, alielewa sehemu yake, kwa sababu alituita tukiwa tumefika kwenye uzio.

"Mwambie fundi abebe mara tatu bila kuyumba. Mara tatu. Baada ya hapo bega lenu limerudi."

Baba alipoambiwa aliinuka. Alitoka nje, akatembea hadi ukuta wa nyuma wa nyumba yetu wenyewe, akatoa jiwe lake, akachukua chupa na kumpa mama. Kisha akaingia ndani akalala, na kwa siku saba nikamwona baba yangu akiugua ugonjwa ambao hakuna ingobyi iliyoitiwa. Alitoka jasho mpaka mkeka ukaloa. Aliona wadudu ukutani ambao hawakuwepo, akaomba tuwatoe, na mama akachukua ufagio akawafagia wote, mmoja mmoja, akiuliza, "Na huyu? Na ule pale?" Alitapika uji. Alitapika maji. Siku ya tano alimtukana mama kwa maneno ambayo sitayaandika, na mama akamjibu, "Bon. Umemaliza? Kunywa." Leo ningemwambia kwamba kuacha ghafla namna ile kunaweza kuua mtu. Hatukujua. Tulikuwa na uji wa mtama, viazi vitamu na maneno ya mama.

Siku ya nane aliamka kabla yetu. Nilimkuta uani akikusanya nyundo, mwiko na kamba. Nikamuuliza anakwenda kwa nani.

"Kwa ile mahali," akasema. "Pale nilimuangusha mama ya watu."

Kwa siku kumi na mbili alijenga ngazi kwenye ule mteremko. Hakuna aliyemtuma. Hakuwa na saruji. Alitumia mawe peke yake, akiyabana hili kwa lile, kila ngazi pana ya kutosha watu wawili sambamba na mtu kati yao. Alipima hatua kwa kutembea akiwa na gogo begani, akishuka, akipanda, akishuka tena, mpaka akajua mguu wa mtu aliyebeba unaangukia wapi. Mikono yake ilitikisika alipokunywa maji. Ilipogusa jiwe, ikatulia. Nilikuwa nikimpelekea chakula na nilikaa kumtazama, na ndipo lilipoanza swali langu.

Watu waliopita walimsema. Jirani yetu mmoja, mvuvi wa vidagaa viitwavyo sambaza, ambaye pia alikuwa mbebaji na ambaye hakuwahi kupita mahali bila kuacha neno, alisimama na kikapu chake cha samaki.

"We fundi! Unajijengea kaburi yenye ngazi? Utashuka kwa shetani na heshima!"

"Mi najenga ya wewe," baba akamjibu bila kuinua kichwa. "Miguu yako iko mirefu sana, utajikwaa."

"Yewe! Amerudi!" mvuvi akapiga kelele kwa furaha, na nikajua amepeleka habari hadi ziwani.

Nilijivuna siku zile. Natumia neno hilo kwa makusudi. Nilitamani yule rafiki yangu wa getini apite, aniulize tena huyu ni nani.

Filimbi ililia mwisho wa wiki ya pili, ngazi zikiwa tayari. Mzee mmoja mwenye kifua kibaya alikuwa hapumui vizuri. Baba alikwenda mbio, akasimama kando kidogo, kama mtu asiyejua kama amealikwa. Seremala akamwonyesha nafasi, nyuma kushoto. Wakamshusha mzee yule hadi Rubona kwenye basi dogo, na baba hakuyumba. Mvuvi alisema baadaye kwamba kwenye zile ngazi mzee alilala usingizi.

Na hapa lazima nieleze desturi nyingine, kwa sababu ndiyo iliyotuumiza. Wabebaji wakirudi, nyumba ya mgonjwa huwapa kinywaji. Anayekupa kinywaji hukionja kwanza mbele yako, ujue hakina sumu. Kwetu sumu haikuwa hadithi. Watu waliiogopa kuliko risasi. Kwa hiyo mtu akikuonjea kisha ukakataa, hujakataa pombe. Umemwambia mbele ya watu wote kwamba yeye ni mwuaji. Nyumba zimewahi kuacha kusalimiana vizazi viwili kwa sababu ya kikombe kilichokataliwa.

Mke wa yule mzee, bibi mwenye macho madogo ya kucheka, alikuwa amefurahi. Mumewe alikuwa amefika kwenye basi akiwa hai, na aliyezijenga zile ngazi alikuwa amekaa uani kwake. Wengine akawapa pombe ya ndizi. Kwa ajili ya baba alichagua kitu bora kuliko vyote alivyokuwa navyo. Aliingia chumbani akatoka na glasi ndogo, glasi halisi ya kioo, ya kanyanga. Akaionja. Akampa baba kwa mikono miwili.

"Hii ni ya heshima, mwanangu," akasema. "Wewe kwanza."

Wanaume wote walipiga makofi. Seremala naye alipiga makofi. Hakuna hata mmoja pale aliyemtakia mabaya. Walijua alikuwa mlevi. Walidhani ulevi ni glasi nyingi, na kwamba mtu aliyeacha glasi nyingi anaweza kupewa moja. Nilikuwa nimesimama kwenye uzio na nilimwona baba akiitazama ile glasi, kisha akimtazama yule bibi, ambaye midomo yake ilikuwa bado imelowa. Akanywa.

Siku nne hatukumwona. Mvuvi ndiye aliyemrudisha, akimshika kwapani. Uani kwetu aliniuliza tu kwa sauti ya chini, "Sasa ni nini kilimfanya? Tulikuwa tumemupenda." Kilima kizima kiliuliza hivyo. Walimpa heshima, naye akaitapika barabarani. Seremala alituma neno kwamba habari ya mara tatu imekwisha.

Baba alipolala na kuamka, na kulala tena na kuamka, muuguzi akapita kumpima mama. Alimshika tumbo, akamsikiliza mtoto, akasimama akijifuta mikono. "Kesho," akasema. "Usingoje uchungu. Kesho asubuhi uwe njiani." Mtoto aliyekuwa humo leo ananizidi urefu na ananicheka kwa hilo, lakini alasiri ile alikuwa amelala vibaya, na uso wa muuguzi ulionyesha hivyo.

Mama alianza kufunga vitu kwenye kitambaa. Kanga mbili, sabuni, kisu kipya. Nilimwambia nitakwenda kumwita seremala.

"Kamwite akubebe wewe," akasema. "Mi nitatembea. Nitapumzika njiani."

"Mama, utakufa njiani."

"Donc basi nitakufa mimi, si omba-omba."

Jua lilikuwa bado halijazama. Baba alikuwa amekaa kwenye kizingiti, uso umemvimba, ameshika mikono yake yeye mwenyewe, mmoja juu ya mwingine, ili itulie. Nilimgeukia yeye, na nilikuwa na hasira ya mwaka mzima.

"Kwa nini ulikunywa?" nikamuuliza. "Ulikuwa unaweza. Ulibeba. Kila mtu alikuona. Glasi moja, papa! Kwa nini hukusema hapana?"

"Kwa yule bibi?" akasema. "Nimuambie yule bibi yeye ni murozi, mutu wa sumu?"

"Ungesema umeshiba. Ungesema tumbo linauma."

"Leo tumbo. Kesho kichwa. Kesho kutwa batajua ni uongo, na batasema: anatuogopa." Kisha akasema polepole, kama anayepima jiwe kabla ya kuliinua, "Iko neno moja tu ya kweli. Na ile neno sijaisema hata hapa ndani."

Mama aliacha kufunga. "Iseme."

"Mi siwezi moja." Alikuwa akimtazama mama, si mimi. "Mbili, kumi, haina tofauti. Ni ile moja. Nikiipata, sijirudishe tena."

Niliona mama akikaa chini kwa uangalifu, mkono mmoja kwenye mgongo. Miaka yote ile alifagia, alipika uji, alimshikia kikombe, na yeye pia, kumbe, alikuwa akingoja siku ambayo mumewe angeweza kunywa moja kama wanaume wengine. Nilimwona akiacha kungoja.

"Sasa utafanya nini?" akauliza.

"Kesho asubuhi nitaisema kwa bale wote," baba akajibu. "Mbele. Kabla ya mutu kuinua kikombe. Mutu akiambiwa mbele, haiwezi kuwa tusi."

"Batakucheka."

"Bacheke. Utabebwa kama mutu wa chama, ao utatembea na mi nitatembea nyuma yako na aibu yangu. Lakini nitaisema."

Kulikuwa na jambo jingine, na mama ndiye aliyeliona. Safari hii mgonjwa alikuwa wa kwetu, kwa hiyo kinywaji cha wabebaji kingetoka nyumbani kwetu, na mwenye kukionja alikuwa baba. Tulikaa tukitazamana. Kisha mama akasema, "Kuko mutama," akaniagiza nisage wa kutosha watu wanane.

Nisidanganye. Baada ya miaka ile baba alianguka tena mara mbili, na mara zote mbili aliinuka kwa shida ileile. Sikuandika haya ili mtu aseme alipona kwa usiku mmoja. Nimeyaandika kwa sababu nimekutana na wasomi wengi, nimewasikia wakitetea hoja zao kumbini mbele ya maprofesa, nami nimetetea zangu, na bado sijaona mtu akifanya jambo gumu kama alilolifanya mwashi yule aliyeishia darasa la nne asubuhi iliyofuata.

Wabebaji walikutana kwa seremala kila wanapoitwa. Tulifika kukiwa kumeanza kupambazuka, baba mbele, mimi nyuma nikiwa na blanketi. Alikuwa ameoga. Alikuwa amevaa lile shati la kanisani. Nilipuliza filimbi mwenyewe, kwa kuwa seremala alinipa bila kuuliza, akidhani tumekuja kuomba huruma. Wakaja, na pamoja na seremala wakawa saba. Yule bibi naye akaja, akijifunga kitenge, maana alisikia ni mama yetu na alitaka kumsindikiza.

Baba alianza kwa Kinyarwanda. Akasema mkewe anapaswa kushuka leo, akawashukuru kwa kuja. Kisha maneno yakamkatikia. Niliona mikono yake ikianza, na safari hii hakuificha. Akaendelea kwa Kiswahili, lugha aliyojengea kuta maisha yake yote, na wote waliielewa.

"Mi niko mugonjwa," akasema. "Ugonjwa yangu iko mu glasi. Si mu glasi nyingi. Iko mu ile ya kwanza. Ile siku sikuanguka juu munanichukia. Nilianguka juu mulinipenda." Akamgeukia yule bibi, akainama kidogo. "Mama, mukono yako haina sumu. Mi siogopi mikono yenu, hata moja. Naogopa hii yangu." Akaiinua juu, ikitetemeka, kila mtu aione. "Donc, naomba. Musinipe tena. Harusi, kilio, ingobyi, musinipe. Hata nikiomba. Nikiomba, mujue ni ugonjwa inaomba. Na leo mukirudi kwangu, hakuna pombe. Kuko uji."

Jogoo wa seremala aliwika, akawika tena. Yule bibi alikuwa ameweka mkono mdomoni.

"Kumbe ni mimi," akasema.

"Hapana, mama. Ulinipa heshima. Sasa nipe ingine."

Mvuvi alikohoa. Nilimwogopa mvuvi kuliko wote.

"Uji!" akasema. "Miaka mitatu nabeba batu ya hii kilima, leo nalipwa uji kama mwanamuke amezaa!" Mtu mmoja akacheka, halafu wote, halafu baba mwenyewe, na mvuvi akamshika shingo akamtikisa. "Utie sukari, fundi. Bila sukari namurudisha muke yako katikati ya njia!"

Seremala hakucheka. Alikuwa akimtazama baba kwa namna ambayo sikuwahi kuiona, akiwa amevua miwani. Akaingia ndani, akatoka na ingobyi, akaiweka chini katikati yetu. Akakunja kitambaa cha begani mara nne, pande zote zikalingana, akakiweka mwenyewe juu ya bega la baba.

"Mbele kulia," akasema. "Ile ndiyo nafasi yako."

Mama alikuwa ametungoja mlangoni, amesimama, kifurushi chake kichwani, viatu miguuni, tayari kutembea. Aliwaona wanaume wanane wakija na aliona ni nani aliyekuwa mbele. Alishusha kifurushi akanipa, akavua viatu akanipa, akalala kwenye matete, na bibi akamfunika.

"Musinibebe polepole kama maiti," akawaambia. "Nataka kufika."

"Kimya, mama," mvuvi akasema. "Abiria hasemi."

Wanne wakainama. Baba akahesabu kwa Kinyarwanda, rimwe, kabiri, gatatu, na mama yangu akainuka kutoka ardhini.